Marahaba Inashughulikiwa

Mjukuu wangu Paskalina,

Hapa Nangwa tu wazima, na yule ng'ombe mwekundu amezaa. Unauliza kama uendelee kusubiri wakikuambia huko ofisini kwamba faili lako linashughulikiwa.

Sisi tuliambiwa hivyo miaka mitatu, huku mgeni aliyegombea kibali cha machimbo yetu ya jasi akiendelea kuchimba. Siku moja nikaenda ofisi ya madini, afisa kijana akaniamkia, "Shikamoo mama." Nikanyamaza. Akarudia. Ofisi nzima ikageuka.

"Mama, mbona huitikii?"

"Marahaba yako inashughulikiwa."

Faili likapatikana chini ya chupa ya chai. Wiki ile ile wakaamua: machimbo ni yetu.

Wewe bado mdogo, hakuna wa kukuamkia huko. Nielekeze tu ofisi yenyewe. Nakuja.

Bibi yako