Mume Wangu wa Kwenye Filamu

Jumatatu, 4 Machi
Nimepata kazi! Mama wa shujaa — tena. Na mume wangu ni yule yule, Mzee Tai. Filamu ya tisa hii wanatuozesha. Tumezeeka pamoja nyuma ya mabega ya manyota: tunafungua mlango, tunalia kidogo, tunatoa baraka, tunapotea. Tai yake ya shingoni haivui hata akiigiza mlinzi wa usiku, ndiyo maana ya jina.

Nimemwambia baba watoto. Alikuwa sebuleni, kichwa chote ndani ya friji ya mteja. "Mume mwenzangu hajambo?" akauliza humo humo. Mjinga huyu. Nampenda.

Jumatano, 6 Machi
Mazoezi. Karatasi zikiwa mkononi, Mzee Tai anasoma vizuri kabisa. Tulipoziweka chini — kimya. Nikadhani anavuta hisia. Kumbe! Aliniangalia kama mtu aliyeingia nyumba ya jirani kwa bahati mbaya. Nikajifanya nakohoa, nikamdokeza neno la kwanza. Akalidaka. Sidhani kama kuna aliyeona.

Ijumaa, 8 Machi
Ameniambia mwenyewe, tukisubiri kupakwa poda. Daktari alishamweleza tangu mwaka jana: kumbukumbu inakwenda, hairudi. Binti yake anajua, ndiye anayemleta na kumrudisha. Hapa kazini sasa najua mimi.

Nikamwambia basi apumzike, mwili si chuma. Akatikisa kichwa. Amekufa mara kumi na nne kwenye filamu, anasema. Risasi, ajali, sumu, mara nyingine familia inapigiwa simu tu kwamba kafa. "Hawajawahi kunipa maneno ya mwisho, bibie. Safari hii wamenipa ukurasa mzima. Niache niyaseme."

Nilimnyooshea tai.

Jumanne, 12 Machi
Siku mbaya. Kipande kifupi tu cha mezani, tumekirudia mara saba. Mpiga kamera akaanza kutazama saa. Mwongozaji akanivuta pembeni, kwa upole — si mtu mbaya, ana ratiba. Alhamisi ni kifo. Mzee akishindwa, ukurasa unaondolewa. Atafumba macho tu, basi.

Wakati wa kula nikamsimulia baba watoto. Nilingoja utani wake. Haukuja. Alitafuna, akameza, akauliza:

"Hicho kitanda cha mgonjwa, uvunguni mtu anaenea?"

Nikacheka mpaka nikalia. Yeye hakucheka.

Alhamisi, 14 Machi
Mwongozaji amekubali! Sharti moja: mnong'ono usiingie kwenye maikrofoni. Basi baba watoto yupo uvunguni tangu saa tatu asubuhi, chali, miwani puani, ukurasa kifuani, tochi ya simu mkononi. Na kitambi kile! Ilibidi wainue kitanda kwa matofali.

Tumeshafika nusu. Mzee Tai akikwama, sauti ndogo inapanda kupitia godoro, naye anaipokea, anaipitisha kwenye pumzi yake mwenyewe, inatoka kama imezaliwa pale. Msichana wa mavazi amelia. Mwongozaji ameuma kofia yake.

Kisha pap! — taa kubwa imeungua. Fundi yuko kwenye ngazi. Tumeambiwa tusisogee, ndiyo maana naandika hapa kitandani, daftari gotini. Kwa mkono mmoja. Mwingine ameushika Mzee Tai.

Dakika hii ameniuliza, "Bibie, hivi tumeoana miaka mingapi?"

Hilo halimo kwenye ukurasa. Kamera imezimwa. Nikamtazama machoni — hatanii.

"Kumi na tisa," nimemwambia. Ni kweli, tukihesabu tangu filamu ya kwanza.

"Na sijakuchosha?"

Kabla sijapata neno, mkono umechomoza chini ya kitanda, mkono wa baba watoto na grisi yake kwenye kucha. Umepapasa, umelikuta shuka lililoteleza, umelivuta taratibu mpaka ukamfunika mzee miguu. Ukarudi ndani.

Taa imewaka. Mwongozaji anauliza kama tuko tayari. Mzee Tai hajaniachia, na bado ananitazama, anangoja jibu. Naweka kalamu chini nimjibu.