Nimeiondoa Kesi, Kaka

Kwako kaka,

Huku kwangu sote wazima. Cherehani imepata mkanda mpya, na sare za shule zimejaa hadi kitandani.

Jana nilikwenda mahakamani kuiondoa kesi ya nyumba aliyotuachia marehemu mama. Hakimu akaniuliza kama nimetishwa. Nikamwambia, "Nitishwe na nani, mheshimiwa? Yule ni kaka yangu." Akaandika kwamba nimeiondoa kwa hiari, na kwamba naweza kuifungua tena nikitaka.

Usidhani nimeridhika na ulivyobadilisha kufuli ukaniacha nje, vitu vya mama vikiwa ndani. Ila siku ile ya kwanza karani alipoita jina langu, ulisimama wewe, kama ulivyokuwa ukiniitikia zahanati tukiwa wadogo. Watu walicheka. Mimi nilishindwa hata kukutazama.

Jumamosi shangazi anatuweka kikao kwake. Njoo na ufunguo, tena uje umekula, maana unamjua akianza kusema. Usipouleta, nitarudi kwa hakimu, na safari hiyo nikiitwa nitasimama mwenyewe.

Ni mimi mdogo wako,
ambaye suruali zako bado anazipunguza.