Karafuu Tano za Bi Zuhura

Jumatatu, 3 Novemba
Kuku wa tatu ameharibika. Madam anaandika kitabu cha mapishi ya Waingereza wa kale, enzi za wafalme na ngome, na mimi ndiye mpishi wake. Hakuna nyanya, hakuna viazi, hawakuvijua. Maziwa ya lozi, mdalasini, tangawizi, zafarani, karafuu. Na mimi nilidhani walikula chumvi tu! Mchuzi mchungu. Wageni wake wanakuja Jumamosi mchana. Naogopa.

Jumanne, 4 Novemba
Nimeenda villa ya pili kwa Bi Zuhura. Mzanzibari, ameishi huku kwa Waarabu, mtaa huu wa Al Warqa, tangu sijazaliwa. Alionja, akacheka. "Karafuu tano tu, mwanangu. Zaidi ya hapo umepika dawa ya jino." Akanionyesha kukaanga mdalasini mkavu, kuroweka zafarani kwenye maji vuguvugu. Alisimama saa mbili nzima na magoti yake mabovu.

Alhamisi, 6 Novemba
Kuku amekubali. Madam amelamba kijiko.

Jumamosi, 8 Novemba
Nimefanya jambo baya.
Wageni walimaliza sahani zote. Madam akaniita mezani, akauliza nani alinifundisha viungo. Wote wakanitazama. Nikasema, "Mama yangu." Mama, ambaye kule Nyeri hajawahi kutia kwenye sufuria kitu zaidi ya chumvi na kitunguu. Madam akasema jina lake litaingia kitabuni. Wakapiga makofi.
Kugeuka, Bi Zuhura yuko mlango wa jikoni. Alikuja kuona kama chakula kimetoka vizuri. Kiingereza anakielewa. Alinitazama, akaondoka. Afadhali angenitukana.

Jumapili, 9 Novemba
Hapokei simu. Kanisani sikusikia neno. Nilitaka tu, mara moja, nionekane nimetoka kwa watu wanaojua kitu. Upuzi. Mama angeona aibu.

Jumanne, 11 Novemba
Nimemwambia madam ukweli. Amefuta jina la mama, ameandika la Bi Zuhura. Hakufoka. Ila sasa kila nikimweleza jambo, ananiuliza mara mbili.

Ijumaa, 14 Novemba
Nimeenda kuomba radhi. Bi Zuhura akasema, "Khalas, yamekwisha." Naamini, hana kinyongo. Akanikaribisha sebuleni, akaniletea chai kwenye kikombe chenye kisahani. Siku zote tulikuwa tunakaa jikoni. Tukazungumza juu ya joto kupungua. Nilipomaliza, akanisindikiza hadi getini, taratibu, kama mgeni.