Mluzi kwenye Santuri ya Kumi na Mbili

Jumanne, 5 Aprili 1988. Kitale

Upande wa pili wa santuri ya tisa, tena. Muda wa wimbo, mtunzi, namba iliyochorwa karibu na kitundu. Orodha ya nyimbo za kundi la Los Claveles del Lago iliyopo ni ya Pieter, mkusanyaji wa Uholanzi ninayeandikiana naye. Inaishia santuri ya kumi na moja. Anasema ni Wakuba. Kazi yangu ni kuongeza zilizouzwa huku kwetu.

Maneno manne ya wimbo bado siyapati. Miaka mitatu najifundisha Kihispania kwa ajili ya watu hawa. Kamusi yangu ni ndogo.

Kesho naenda nyumbani, shule zimefungwa. Gramafoni ya betri itakaa chini ya nguo. Baba ameokoka. Santuri yangu ya kwanza ya kundi hili aliisikiliza kidogo tu, akaivunja kwa goti.

Jumatano, 6 Aprili. Bungoma

Nimeipata! Ya kumi na mbili. Kwa fundi wa redio karibu na soko, katikati ya nyimbo za injili. Pieter hana habari nayo.

Fundi alicheka. "Ati unalilia sahani? Si nikupatie leso, madam."

Sikuwa nalia. Labda kidogo.

Alhamisi, 7 Aprili. Myanga, nyumbani



Baba alikuwa kanisani. Nikaipiga, sauti chini. Katikati ya wimbo magitaa yananyamaza. Mtu anapiga mluzi. Sauti tatu zinapanda, ya nne inashuka kama inateleza. Hivyo ndivyo Baba huwaita ng'ombe kila jioni. Hata ile pumzi anayoivuta kwanza kwenye pengo la jino. Tofauti ni moja: wa ng'ombe hukatika hapo. Huu unaendelea.

Nilikaa sakafuni.

Mama aliingia na kuni. Hakuuliza ni nini. "Nasimiyu, zima hiyo kitu kabla mzee arudi."

Nikamwuliza kama ni Baba.

"Alikuwa Nairobi kabla aokoke. Unafikiri mimi niliolewa na mlokole? Niliolewa na mtu wa gitaa, bana." Akacheka! Kisha akanikamata mkono, kwa nguvu. "Jumapili wanamwekea mikono awe mzee wa kanisa. Ukiandika jina yake huko kwa Wazungu, siku moja itarudi hapa."

Ijumaa, 8 Aprili

Sijalala. Alivunja santuri yenye gitaa lake mwenyewe, mbele yangu.

Hasira. Nimeandika jina lake kwenye orodha. Kalamu imetoboa karatasi.

Jumamosi, 9 Aprili

Nilimpelekea orodha zizini akikamua. Nikampa tu. Aliisoma akiwa amechuchumaa, povu la maziwa likishuka kwenye ndoo. Nilingoja goti.

"Wafula hujaweka," akasema. "Ngoma ni Wafula."

Akanitajia wote. Huyu wa Malakisi, yule wa Kibabii. Hakuna Mkuba hata mmoja. Jina la kundi walipewa na mwenye studio. Nikamsomea maneno yangu manne.

"Hiyo si Kihispania. Hiyo si kitu. Tulikuwa tunafuata sahani ya Cuba na masikio. Pahali hatukusikia, tulijaza."

Miaka mitatu! Nimesahihisha matamshi yangu kwa kuiga watu wa Malakisi. Nikacheka hadi ng'ombe akapiga teke. Baba hakucheka. Nilimwuliza kwa nini alivunja ile santuri yangu. Alisogeza ndoo. Halafu: "Niliskia mguu inataka kucheza."

Na jina lake?

"Wafula alikufa na hakuna mtu alijua alipiga. Andika yeye. Mimi kanisa inanijua. Inatosha."

Jumapili, 10 Aprili

Wamemwekea mikono. Alivaa koti la buluu. Mama aliimba kwa sauti kubwa kuliko wote.

Nimeinakili orodha upya. Santuri kumi na mbili. Wafula yumo. Kwenye mluzi nimeandika: mtu wa Bungoma.

Jioni Baba aliwaita ng'ombe. Sauti tatu zikapanda, ya nne ikashuka. Hakukata. Akaendelea mpaka mwisho wa wimbo. Ng'ombe walisimama njiani, wakamtazama.