Vitambaa Vyekundu Kwenye Kinu cha Zeituni

Bi Shedlia, nakuandikia wewe kwa sababu huku kila ninayemtazama namwona yuko upande wa wafanyakazi wangu. Mimi ni mjane, nina kinu cha kukamua zeituni nje kidogo ya mji wa Sfax, hapa Tunisia, aliniachia marehemu mume wangu, na msimu ndio kwanza umeanza, magunia yanaingia, na Jumatatu nimefika kinuni nikakuta wafanyakazi wote wamejifunga vitambaa vyekundu mikononi, na maana yake unaijua, leo wanafanya kazi navyo, kesho wanagoma. Heri wangepiga kelele. Wanachapa kazi kimya, "Umeamkaje, Hajja," kama hakuna kitu, na mafuta ya kwanza yalipotoka nikaleta mkate wa moto tuchovye pamoja kama kila mwaka, wakasema wameshiba. Wote? Saa ya kula?

Anayewaongoza ni Munsif, msimamizi wangu tangu enzi za mume wangu. Nikamvuta pembeni, nikamuuliza, "Munsif, nani kakutuma?" Akasema, "Sijatumwa, Hajja. Tuna maneno, tukae tuongee." Nikamwambia tutaongea msimu ukiisha. Akacheka kidogo, "Msimu ukiisha, Hajja, na sisi tumeisha." Kicheko kile cha nini? Kesho yake namwona kwa macho yangu mkahawani, meza moja na Hedi, mwenye kinu kipya cha barabara kuu, wanakunywa kahawa. Hedi kawanunua, mshauri, sina shaka. Zeituni zikirundikana uani zinapata joto, mafuta yanaharibika, wakulima watahamia kwake na mimi nitafunga kinu. Hata Tijani, ambaye mwaka jana mkanda wa mashine ya kusagia ulimkata vidole nikampelekea madebe ya mafuta mpaka nyumbani bila kuombwa, naye kavaa kitambaa. Nataka nimfukuze Munsif, nibadilishe kufuli la lango, nilete vibarua wa kijiji cha pili. Nakosea wapi hapo?

Hajja Rafika

*

Hajja Rafika, pole. Hofu ya kupoteza kinu si mchezo, na sitakucheka. Lakini utanisamehe, nitakusema.

Munsif kanywa kahawa na Hedi. Basi? Mji wenu una mikahawa mingapi? Mtu aliyenunuliwa na mshindani wako angejificha, tena angesubiri ua ujae zeituni hadi getini ndipo azime mashine. Huyu kakuvalia kitambaa mapema, magunia yakiwa machache, akakuomba mkae. Wewe ukamwambia asubiri msimu uishe, na unajua vizuri kwamba siku hiyo vibarua wako wanatawanyika na hakuna wa kukudai neno. Nami ningecheka kicheko kile kile.

Kugoma ni haki yao. Kuendesha kinu ni haki yako. Wakiamua kuacha kazi, waache, lakini lango wasilizibe, maana zeituni zile ni jasho la wakulima ambao hawakugombana na mtu, na hilo mwambie Munsif waziwazi, usimwonee haya. Na wewe kufuli libaki lile lile. Ukileta watu wa kijiji cha pili kuziba nafasi za wenzao, utapata ugomvi wa vijiji viwili na hutapata hata chupa ya mafuta.

Kuna jambo lililonikera kuliko yote. Umeniandikia habari za mkate, kahawa, kicheko, mpaka Hedi nimemjua, na katika barua nzima hujaniambia watu wako wanataka nini. Hujui. Hukuuliza. Unapeleleza watu ambao wanakungoja uwasikilize.

Kaa nao kesho asubuhi, umwite na mtu wa chama cha wafanyakazi, wazungumze wao kwanza, na wewe unyamaze mpaka wamalize. Kisha sema unachoweza na usichoweza, hata kama ni kidogo. Wakulima waambie wapunguze kuleta kwa sasa.

Ila mashine iliyomkata Tijani, nimesoma barua yako mara mbili nikitafuta mahali uliposema umeiwekea kinga. Sikupaona. Hiyo usingoje kikao wala mgomo. Izime leo, mwite fundi aufunike mkanda ule, na mpaka amalize asiisogelee mtu, hata magunia yakijaa mpaka barabarani.

Bi Shedlia