Kengele ya Darasa Moja

Mpwa wangu mwalimu,

Shule yangu imefurika hadi watoto wanakalia madirisha. Haya, nimedanganya, unanijua. Wamebaki kumi na mmoja, na dirishani wanachungulia shule mpya ng'ambo ya barabara, iliyochukua wenzao na walimu wangu wote.

Mimi sijambo, ila goti. Kengele naipiga kila kipindi, majirani wadhani madarasa bado ni saba. Jana nilifundisha hesabu. Binti mmoja akasema, "Babu, hapo umekosea." Nikamjibu, "Nilikuwa nakupima." Akacheka. Mimi nilitoka nje nikajifuta machozi kwa dasta, nikarudi uso mweupe kama nimeanguka kwenye unga.

Alhamisi anakuja mkaguzi. Asipomkuta mwalimu mwenye cheti, anafunga shule. Na hawa kumi na mmoja kule shule mpya walishapimwa kwa mtihani wakakataliwa. Hawana pengine pa kwenda.

Wewe cheti unacho, umestaafu nacho. Mwaka ule wa mafuriko nilikubeba mgongoni kwenda shule muhula mzima, ukinipiga mateke kama punda. Nilipe asubuhi moja tu. Ya pili tutabishana ukishafika. Uje na chaki, zangu zimebaki vipande.

Mjomba wako,
mwenye shule, aliyeishia la nne