Mafundo ya Sanda

Mjukuu wangu Zuhura,

Bibi yako wa miaka kumi na saba (usicheke, mama yako ananiita shangazi) ni mzima huku Guangzhou. Baba bado anafunga mizigo mtaa wa Sanyuanli.

Umeniuliza kama pochong yupo kweli, yule maiti wa sinema za Kiindonesia anayerukaruka kwa kuwa alizikwa bila kufunguliwa mafundo ya sanda. Mwaka jana jirani yetu Mwindonesia, dada Wulan, alituonyesha sinema moja ya hao. Maandishi ya chini yalikuwa ya Kichina, nami nikimtafsiria baba. Maiti akaomba afunguliwe.

"Anasemaje?"

"Anasalimia tu, baba."

Mama alizikwa Mombasa sisi tukiwa huku. Nani alimfungulia? Tangu siku ya sinema ile nikawa nasikia kishindo kwenye korido, tu, tu, mchana kweupe, kikikoma mlangoni petu. Nikifungua, hakuna mtu.

Mwishowe nikajikaza, nikampigia simu mjomba aliyeshuka kaburini kumlaza mama.

"Mjomba, yale mafundo ya mama..."

"Niliyafungua kwa mikono yangu, mwanangu. Umekaa na hili peke yako?"

Nikalia.

Kama pochong yupo, sijui. Kile kishindo bado huja. Ila sasa najua si mama.

Bibi yako,
Rukia